Shikamoo ya Kaka Yangu

Nyumba yangu iko juu ya barabara ya kwenda Mlola, mahali ambapo zamani palikuwa na miti ya miwati tu na upepo. Niliijenga mwenyewe, na ninaposema mwenyewe sina maana kwamba nilituma hela kwa simu watu wakanijengea, kama wafanyavyo wengi walioko mijini. Nilichora ramani, nikasimama na mafundi juani na mvuani, na nyaya zote zilizomo ukutani nimezivuta kwa mikono yangu. Nina diploma ya umeme. Katika ukoo wetu ni mimi wa kwanza kuwa nayo, na nimeitundika sebuleni, ndani ya fremu ya kioo, mahali ambapo mgeni akiketi lazima aione. Watu husema najisifu. Ndiyo, najisifu. Mtoto aliyekuwa akiteremka hadi Mombo na tenga la mapeasi kuwauzia abiria madirishani ili apate ada ya shule, akikua akajisifu kidogo, sioni kama amemwibia mtu.

Nilifanya kazi Dar es Salaam, kisha Mtwara kwenye mitambo ya gesi, kisha nikarudi. Wapo wanaorudi milimani kwa sababu mji umewatema. Mimi nilirudi na gari, na zana zangu, na kazi inanisubiri, maana huku hoteli zinaota kila kona na wakulima wa mboga wamenunua pampu ambazo hakuna mwingine anayezijua. Nilikuwa na mpango wa kila kitu. Kitu kimoja tu sikukipangia, nacho ni kaka yangu, ambaye nilimkuta amenitangulia kurudi.

Kaka alikuwa bondia. Msomaji aliyefuatilia ngumi za Tanga na Dar es Salaam siku zile pengine aliwahi kumwona. Mashabiki walimpa jina la mti mmoja mgumu wa msitu wetu, ule ambao shoka linagonga na kurudi. Hakuwa mwepesi wa miguu, wala hakuwa na ngumi ya kumaliza kazi. Sifa yake ilikuwa moja, na ilitosha kujaza ukumbi: alikuwa haanguki. Watu walilipa kiingilio kuja kuona nani atamwangusha, na kila mara walirudi nyumbani bila kuona.

Nilimtazama ulingoni mara moja tu, nikiwa chuoni. Mpinzani wake alimpiga kama mtu anayekung'uta godoro. Kichwa cha kaka kilikwenda kushoto, kikaja kulia, kikarudi nyuma, na kila mara alikirudisha mahali pake na kutabasamu na ile plastiki ya meno mdomoni. Ukumbi mzima ulisimama. Nilisimama na mimi, nikamwambia kila aliyekuwa karibu yangu kwamba yule ni kaka yangu, toka nitoke, baba mmoja mama mmoja. Baadaye nilimfuata kwenye chumba cha kubadilishia nguo. Jicho moja lilikuwa limefunga.

"Umeniona chini?" akaniuliza.

"Sijakuona chini, kaka."

"Basi."

Akafunga kamba za viatu, akasimama, akachukua begi lake. Tulipofika mlangoni akanishika bega. "Mdogo wangu, umeniona chini?" Nikacheka, nikamjibu vilevile. Tulipofika barabarani akaniuliza tena, na sauti ilikuwa ya mtu anayeuliza kwa mara ya kwanza. Wakati ule nilidhani ni furaha.

Huku nyumbani nilimkuta akiishi kwa shangazi yetu, dada wa marehemu baba, katika nyumba ya zamani iliyo bondeni chini ya shamba langu. Mke wake alikuwa amekwisha kuondoka siku nyingi. Nilimhamishia kwangu, nikampa chumba chenye dirisha la upande wa jua. Mwanzoni niliona mambo madogo. Aliweka chumvi kwenye chai, akainywa bila kukunja uso. Alitoka kwenda dukani kununua kiberiti akarudi na sabuni, na nilipomwambia ni kiberiti nilichoomba, alirusha ile sabuni ukutani ikabaki imenata. Kaka yangu huyu, ambaye nje ya ulingo hakuwahi hata kumfokea mbwa. Kisha mwendo wake ukaanza kuburuza, kama mtu aliyevaa viatu vya mwingine.

Asubuhi zenye ukungu alikuwa anashuka kwenye matuta ya kabichi kupigana na kivuli. Ukungu wa kwetu ukishuka huoni mtu, unasikia tu. Nilikuwa nikiamka kwa sauti ya pumzi zake, fu, fu, fu-fu, zikitoka mahali nisipopaona, mara karibu na ukuta wa jiko, mara mbali bondeni. Mke wangu alisema hiyo sauti inamkosesha raha. Nikamwambia ni mazoezi. Majirani walisema ni boha, ile pombe ya miwa, ingawa kaka hajawahi kuonja pombe katika maisha yake yote, maana kocha wake alimkataza na yeye akimheshimu mtu anamheshimu moja kwa moja.

Nilimpeleka hospitali kubwa. Sikumpeleka kwenye zahanati kuambiwa malaria. Nilimteremsha mlima kwa gari langu mwenyewe hadi kwa daktari wa mambo ya ubongo, binti mdogo, mpole, mwenye miwani. Nikamwambia, "Daktari, mimi ni mtu wa elimu, usinizungushe." Alimpima kaka kwa muda mrefu, akamwambia ataje miezi kinyumenyume, achore saa, atembee mstari mmoja. Akapigwa picha ya kichwa. Kisha daktari akauliza, "Mzee wangu, uliwahi kuzimia ulingoni? Kuangushwa?"

Kaka alikaa wima kwa mara ya kwanza siku hiyo. "Mimi? Kamwe! Waulize."

Yule binti aliweka kalamu chini. Alipomtoa kaka nje akanieleza. Alisema ubongo umekaa ndani ya fuvu kama kitu laini ndani ya maji, na kila kichwa kinapopigwa, unatikisika. Mtikisiko mmoja ubongo unavumilia. Mia unavumilia. Lakini miaka inapita, glovu zimekwisha kutundikwa, mtu amesahau hata majina ya waliompiga, na ndipo ubongo unaanza kufa taratibu kutoka ndani: kumbukumbu, hasira, mwendo, mwisho kila kitu. Alisema ugonjwa wenyewe hauwezi kuthibitishwa kabisa mtu akiwa hai. Wao wanasikiliza historia na kutazama dalili. Dawa ya kuurudisha nyuma hakuna.

"Kwa hiyo kutoanguka kwake..." nikaanza.

"Aliyeanguka alipumzika," akasema. "Ndugu yako alibaki amesimama, akapokea zilizofuata." Kisha akaongeza neno ambalo nimelibeba mpaka leo. "Jambo moja tu liko mikononi mwenu. Kichwa hiki kisipigwe tena. Hata kwa mzaha, hata kwa glovu laini. Akipigwa tena, mtakachorudisha nyumbani hakitakuwa yeye."

Nilielewa haraka kuliko ndugu wengi wa wagonjwa, nina hakika. Fundi umeme analijua jambo hili. Waya hauharibiki siku ya shoti kubwa, siku hiyo fyuzi inakata na mambo yanakwisha. Waya unaoteketeza nyumba ni ule uliobebeshwa mzigo kupita kiasi siku nenda siku rudi bila fyuzi kukata, ukachemka taratibu ukutani, ngozi yake ikakauka, na hakuna aliyejua kwa sababu taa zilikuwa zinawaka. Kaka yangu alikuwa hana fyuzi. Wakampigia makofi kwa hilo.

Tulipofika Mombo, barabara inapoanza kupanda, kaka alisema, "Yule binti ameniuliza kama niliwahi kuanguka." Akacheka peke yake hadi Soni.

Sasa nieleze ile shikamoo. Kwetu huku shikamoo haina mchezo. Hata pacha wanajua nani alitangulia kutoka. Mdogo akimpita mkubwa bila kumwamkia, habari inafika kwa wazazi kabla yake. Na mkubwa kumwamkia mdogo ni kitu kisichokuwepo. Hata kwa utani mtu anajigusa kifua na kusema ashindwe. Mimi na diploma yangu, kila asubuhi ya maisha yangu nilimwambia kaka shikamoo, naye akajibu marahaba, mara nyingine akaongeza, "Marahaba, fundi wa taa."

Jioni moja, jua bado liko kwenye vilele, nilirudi kutoka kazini nimevaa koti zito na kofia, kwa sababu ilikuwa miezi ya baridi. Nilikohoa mlangoni. Kaka alikuwa ameketi kibarazani akimenya viazi na mke wangu. Akasimama. Akavua kofia yake, akainamisha kichwa.

"Shikamoo, tate."

Tate kwa Kishambaa ni baba yangu. Si baba wa mtu mwingine, ni baba yangu mimi. Tulikuwa na mtu mmoja tu tuliyemwita hivyo, na amelala chini ya mikaratusi karibu na kanisa tangu kaka yuko kijana.

Nikacheka. Nilidhani ni utani wake. "Acha, kaka, utanipunguzia siku."

Hakucheka. Alibaki ameinama, kofia mikononi, akisubiri kuitikiwa, kama tulivyokuwa tunasubiri tukiwa watoto, maana baba yetu alikuwa anachelewesha marahaba kwa makusudi mtu akiwa na kosa. Nikaona mikono yake inaanza kutetemeka. Ganda la kiazi lilikuwa bado limenata kidoleni.

"Nimekosa nini?" akauliza, kwa sauti ndogo.

Mke wangu aliweka kisu chini. Nikamshika kaka mabega, nikavua kofia yangu, nikasema, "Ni mimi. Mdogo wako. Nitazame." Alinitazama muda mrefu, akarudi kutoka huko alikokuwa. "Aa, fundi. Umerudi?" Akaketi, akaendelea kumenya.

Ikaja mara ya pili, na ya tatu, kisha nikaacha kushangaa. Kila mara nilikataa kuitikia. Kila mara alitetemeka.

Nilimweleza shangazi, nikitumaini atacheka. Hakucheka. Shangazi ni mwanamke mwembamba aliyesoma darasa la nne na anayenitazama kana kwamba bado navaa kaptura.

"Hajakosea," akasema. "Ameona."

"Shangazi, ni ubongo. Daktari ameeleza."

"Na huo ubongo nani ameugusa?"

"Ngumi."

"Ngumi za nani?"

"Za watu, shangazi! Watu wa Tanga, wa Dar, wa Morogoro, nani anawajua wote?"

Alifikiri kidogo. "Wengi hao. Mbuzi mmoja wa tambiko hatatosha."

Nikashindwa kujizuia, nikacheka, na yeye akacheka, kisha akanishika mkono na kicheko kikamtoka usoni. "Lakini nakwambia jambo. Usimwitikie. Kaka yako akikwambia shikamoo, usimwitikie hata mara moja. Ukiitikia umekaa kwenye kiti cha baba yenu, na mwenyewe atakuja kuangalia nani amekaa." Nikamwambia sina mpango huo. Nilisema hivyo kwa sababu zangu mwenyewe. Kaka ni kaka. Heshima yake ndiyo kitu cha mwisho alichobaki nacho kizima, na sikutaka kuwa mimi wa kuichukua.

Halafu akaja promota wake wa zamani.

Alikuja na gari dogo jeupe, amevaa miwani ya jua katikati ya ukungu, akaanza kupiga kelele tangu getini. "Bingwa! Bingwa wa milima! Hebu nione, bado una kifua!" Kaka alimtambua mara moja. Mtu asiyekumbuka kama amekula alimtaja promota kwa jina, na jina la mkewe, na jina la ukumbi ambao umekwisha kubomolewa. Walikumbatiana. Habari ilikuwa kwamba kuna pambano la wakongwe Tanga, siku ya sikukuu: mabondia wa zamani, raundi chache, glovu kubwa, watu wacheke na wakumbuke.

"Hapana," nikasema. "Daktari amekataza asiguswe kichwa."

"Mheshimiwa, madaktari wanakataza hata chumvi. Wewe ni nani wake?"

"Mdogo wake."

"Mdogo!" Alivua miwani anitazame vizuri. "Nikadhani mkubwa, kwa jinsi unavyonguruma. Sasa mdogo anamkatazaje mkubwa? Huku kwenu mmebadilisha?"

Kaka akacheka hadi akashika tumbo. "Mwache huyo. Ana diploma. Ya taa."

Siku zilizofuata ndizo zilizoniumiza kuliko zote, kwa sababu kaka alipona. Namaanisha alionekana amepona. Aliamka, akakimbia hadi njia panda na kurudi, akaruka kamba, akaweka chumvi kwenye mboga na sukari kwenye chai. Mwendo ulinyooka. Alitania watoto wa jirani. Sikumwona na furaha kama ile tangu nirudi, na nilijua furaha ile inampeleka wapi. Nilimweleza kila kitu, taratibu, kama ninavyomweleza mteja hatari ya waya mbovu. Alinisikiliza, akaitikia kwa kichwa, na kesho yake hakukumbuka kama tulizungumza. Nilificha glovu zake juu ya dari. Alipozikosa alinishika kola, akanisukuma ukutani, mkono mwingine ukapanda juu umekunjwa. Kisha akauona. Akautazama ule mkono wake kama umeletwa na mtu. "Nilikubeba mgongoni," akasema. "Mpaka ukaanza kutembea. Wewe ndiye wa kunikataza?" Nikaenda mwenyewe kuziteremsha.

Nilimpigia promota simu. Akasema nisiwatabirie mabaya. Nilikwenda kwa mtendaji wa kijiji. Akauliza, "Anajua jina lake?" Nikasema anajua. "Basi ni mtu mzima na akili zake." Nikamwendea shangazi nikamwomba azungumze naye yeye, kama mkubwa wa ukoo. Alikuwa anapepeta maharage, hakuinua uso.

"Mimi ananisikia nikimwita kula. Aliyemweza yule ni baba yenu peke yake. Unakumbuka ile siku ya Korogwe?"

Nilikumbuka. Kaka alikuwa kijana tu, amekwisha kufunga mfuko wake aende Korogwe kupigana, gari la mboga linamsubiri barabarani. Baba alitoka ndani, hakuinua sauti, hakumsogelea. Alisema maneno machache kwa Kishambaa, weka mfuko chini, na kaka, ambaye tayari alikuwa mrefu kumzidi, akauweka. Hakupanda ulingoni mpaka baba alipofariki. Ndiyo maana najua kwamba baba angeishi, kaka angekuwa na kichwa chake.

Asubuhi ya safari ukungu ulikuwa umeketi hadi kwenye vizingiti. Nilisikia gari likipanda kabla sijaliona, gia ya kwanza, polepole. Nilikuwa sijalala vizuri, sauti yangu ilikuwa nzito. Nikavaa koti na kofia nikatoka, nikiwa na nia ya kusimama mbele ya gari lile, au kulala chini yake, sijui. Kaka alikuwa kibarazani. Ameoga, amenyoa ndevu, begi liko begani. Aliposikia mlango akageuka.

Nikaona macho yake yanabadilika. Naweza kueleza mambo mengi kuhusu umeme usioonekana, lakini lile siwezi. Alikuwa ananitazama mimi, kisha akawa anamtazama mtu aliyesimama mahali nilipokuwa nimesimama. Akavua kofia. Akainama.

"Shikamoo, tate."

Gari lilipiga honi getini. Promota akaita, "Bingwa! Tunachelewa!"

Kaka hakugeuka. Alikuwa anasubiri. Vidole vyake kwenye ukingo wa kofia vilikuwa vimeanza kucheza, na nilijua nikisema neno "mdogo wako" atarudi, atakuwa kaka yangu, ataniita fundi wa taa, na atapanda lile gari.

Nikachelewesha kidogo. Kama alivyokuwa akichelewesha.

"Marahaba," nikasema.

Mikono yake ikatulia.

Nikamwambia kwa Kishambaa aweke mfuko chini. Sikupanga ile sauti. Ilitoka chini kuliko ninakosemea mimi, taratibu, na sauti hiyo sikuwa nimeisikia tangu utotoni. Kaka aliteremsha begi, akaliweka kwenye saruji bila kelele. Nikamwambia haendi popote. Nikamwambia viazi vya tuta la chini havijapaliliwa.

"Ndiyo, tate," akasema. Alichukua jembe lililoegemezwa ukutani, akashuka, na ukungu ukamfunika kabla hajafika tuta la pili.

Promota aliingia akipangusa miwani. "Yuko wapi bingwa?"

"Shambani."

"Shambani! Leo?" Akaenda hadi ukingo, akaita. Sauti ya jembe ilisimama. Kisha kaka akajibu kutoka kule chini kwenye weupe, kwa sauti ya kijana aliyenyimwa ruhusa na hana kinyongo:

"Baba amekataa!"

Promota aligeuka polepole. "Baba gani? Baba yake si alikufa? Aliniambia mwenyewe alikufa." Alinitazama usoni, kisha akatazama nyuma yangu, kwenye mlango uliokuwa wazi, kana kwamba kuna mtu mwingine angetoka. Gari lake lilishuka bila kupiga honi kwenye kona.

Kaka hakupigwa tena. Hilo nalisema kwa kifua mbele. Yule daktari alinipa jambo moja la kufanya, na nililifanya pale ambapo ofisi na wazee wa ukoo walishindwa. Ningelirudia kesho.

Shangazi aliambiwa na mke wangu. Alipanda mlima wote ule hadi kwangu, akaketi chini ya fremu yangu ya diploma bila kuitazama. "Umeitikia," akasema.

"Nimeitikia. Yuko hai."

"Yupi?"

Nilidhani amekosea kusema. Sasa najua hakukosea. Tangu asubuhi ile kaka hajaniita fundi. Hajaniita mdogo wangu. Mwanzoni nilijaribu kumrudisha: nilivua kofia, nikamletea picha zetu, nikamwambia shikamoo kaka kama zamani. Ile ya mwisho ilimtisha vibaya sana. Alijificha nyuma ya mlango wa chumba chake akiuliza baba amekuwaje. Sikuijaribu tena. Kwa hiyo kila asubuhi anasimama, anainama, ananiamkia, na mimi ninaitikia, na anakwenda kazini kwake ametulia. Hapigani tena na kivuli. Matuta yangu yamepaliliwa kuliko ya mtu yeyote barabara hii.

Mke wangu anasema nimeanza kukohoa kabla ya kuingia nyumbani. Anasema nachelewesha majibu. Nina diploma, siamini kwamba mtu anaweza kuingia ndani ya mwingine. Naamini mtu anaweza kuzoea kazi. Lakini kuna siku naita mfanyakazi wangu kutoka juu ya nguzo, nasikia sauti iliyonitoka, na nashuka kwanza.

Wiki iliyopita tulikuwa tumeketi kibarazani, kaka na mimi, jua linatua nyuma ya milima, ananisaidia kukunja kipande cha waya. Mikono yake bado ina nguvu. Mara akasema:

"Tate, naomba kuuliza."

"Uliza."

"Mdogo wangu yuko wapi?"

Waya uliniponyoka mkononi, akaudaka yeye.

"Yuko mjini," nikasema. "Anasoma."

Akaitikia kwa kichwa, ameridhika. "Huyo atasoma mpaka waseme basi." Akakunja mzunguko mwingine, sawasawa, kama nilivyomfundisha. "Ila amekaa sana. Tangu aondoke hajarudi hata siku moja."

"Atarudi."

"Akija nimelala," akasema, "mniamshe."

Nikachelewesha. Safari hii haikuwa kwa makusudi.

"Tutakuamsha," nikamwambia.